Malaika na Mahari Yake

Kwa toleo hili tumeombwa tuandike jambo la historia, nasi kwa kazi yetu ni wahandisi wa mitambo, si wanahistoria. Hata hivyo fundi naye ana maswali yake. Akikutana na kitu kigeni huuliza: kimetengenezwa wapi, na nani, na nani aliyelipwa? Leo tunauliza hayo juu ya wimbo ambao ni nadra kumpata Mswahili ughaibuni asiyeujua. Wimbo wenyewe ni "Malaika".

Kisa kilianzia hapa hapa Sparkbrook. Ilikuwa mwaka 2005, wiki chache kabla ya kile kimbunga cha tarehe 28 Julai kilichong'oa miti na mapaa ya Ladypool Road. Tulialikwa harusini, katika ukumbi wa ghorofani kando ya Stratford Road. Bwana harusi alikuwa kijana wetu, mtoto wa Mombasa, fundi umeme aliyekuwa akipanga chumba kimoja Small Heath. Bibi harusi alikuwa binti wa Kihindi, ambaye wazazi wake walifukuzwa Uganda mwaka 1972 na kufika Uingereza na masanduku mawili. Kufikia mwaka huo wa harusi baba yake alikuwa na maduka matatu ya vitambaa. Dini yao ilikuwa moja, lakini kabila, rangi na mfuko vilikuwa mbalimbali.

Posa ile ilichukua miezi minane. Twajua, kwa sababu tulikuwa miongoni mwa waliopelekwa. Wazee walitutwaa tukae pembeni na daftari, wakisema mhandisi hakosei hesabu. Tuliandika, tukafuta, tukaandika tena. Mara mbili mazungumzo yalivunjika, na mara zote mbili hakuna aliyetamka neno rangi wala kabila. Lililotamkwa lilikuwa nyumba: huyu kijana atamweka wapi mtoto wetu? Mwishowe binti mwenyewe ndiye aliyesema kuwa ataishi Small Heath katika chumba kimoja, na mjadala ukaisha.

Basi baada ya kula, mpiga kinanda aliyekodiwa akaanza "Malaika" kwa mdundo wa haraka wa dansi. Vijana wakainuka. Mara mzee mmoja wa upande wa bibi harusi, babu yake mzaa mama, aliyewahi kuwa na duka Jinja, akanyanyua mkono. Akasema kwa Kiswahili safi cha dukani: "Sivyo hivyo, bwana. Taratibu." Akapewa kipaza sauti, akauimba polepole, macho yamefumba, mpaka mwisho. Ukumbi mzima ulipiga makofi, na wapo waliojifuta machozi.

Mjomba wa bwana harusi hakupiga makofi. Alituinamia sikioni akauliza: "Mnajua huyu anaimba msiba wa nani?" Hatukujua. Akatueleza kwa ufupi, na tangu usiku ule tumekuwa tukiufuatilia wimbo huu kila tupatapo nafasi. Tuliyoyakuta ndiyo haya.

Kwanza tukumbushane yaliyomo. Kijana anampenda msichana kiasi cha kumwita malaika. Angemwoa, lakini hana mali, na kukosa huko kunamsumbua moyo. Basi. Hakuna ugomvi, hakuna mshindani anayetajwa kwa jina, wala hatuambiwi msichana alijibu nini. Kikwazo ni kimoja tu, nacho ni pesa.

Ni nani huyo kijana? Hapo ndipo majirani wawili, Kenya na Tanzania, wamekuwa wakivutana kwa miongo mingi.

Upande wa Kenya wanamshika Fadhili William, jina lake kamili Fadhili William Mdawida, Mtaita aliyezaliwa mwaka 1938. Ndiye aliyeurekodi Nairobi mwanzoni mwa miaka ya 1960 akiwa na bendi yake ya Jambo Boys, na ni sauti yake iliyoupeleka wimbo redioni na madukani. Kwa simulizi iliyoshikamana na jina lake, alikuwa na mpenzi tangu ujana aliyempa jina la utani Malaika. Kijana hakuwa na mahari, na msichana akaozwa kwa mwenye uwezo.

Upande wa Tanzania wanamshika Adam Salim, mzaliwa wa Tanganyika wa mwaka 1916, aliyekuwa akiishi Nairobi baada ya Vita Vikuu vya Pili. Kwa simulizi hiyo, wimbo aliutunga mwaka 1945 au 1946 kwa ajili ya msichana aliyeitwa Halima Ramadhani Maruwa. Wazazi hawakumtaka kijana. Halima akaozwa kwa tajiri, na tajiri huyo alikuwa Mhindi.

Hicho ndicho alichokuwa akitunong'oneza mjomba. Kama simulizi ya pili ni ya kweli, basi babu wa Jinja alikuwa amesimama Sparkbrook akiuimba kwa uchungu kilio cha mtu aliyenyang'anywa mchumba na tajiri wa kabila lake yeye babu. Na mbele yake wamekaa kijana wa Kiafrika asiye na nyumba na binti wa Kihindi, safari hii wameoana.

Sisi hatuna mizani ya kupima mapenzi ya watu waliokwisha kupita. Lakini hesabu ndogo twaweza kuifanya. Mwaka 1945 Fadhili alikuwa mtoto wa miaka saba. Kama Adam Salim aliutunga mwaka huo, basi ulikuwa na miaka kumi na mitano hivi ukizunguka Nairobi kabla haujaingia kwenye santuri. Nairobi ya wakati ule ilikuwa mahali pa namna hiyo. Askari wa King's African Rifles walikuwa wamerudi vitani na mishahara yao, na magita yalikuwa yameenea. Fundi Konde, ambaye wengi wenu mnamkumbuka, aliwapigia askari muziki hadi Burma. Nyimbo zilipigwa vibarazani, kwenye vilabu na sherehe za ndoa. Ukiupenda wimbo wa mwenzio uliuchukua, ukauongezea ubeti au ukaupunguza, na hakuna aliyekuita mwizi.

Wapo na wengine waliodai kuwa na mkono katika wimbo huu, kutoka Mombasa na kwingineko. Hatutawapanga foleni hapa, maana idadi yao yenyewe inatosha kutuambia jambo. Huenda wapo waliodanganya. Lakini yawezekana pia kuwa zaidi ya mmoja alisema kweli: mmoja ameleta maneno, mwingine sauti, wa tatu ule mpigo wa gita tunaoujua leo.

Ruhusa tuingie kidogo katika ufundi. Mchoro wa mhandisi, uwe wa daraja au wa pampu ya maji, una kijisanduku kwenye kona ya chini kulia. Ndani yake pana mistari kadhaa: aliyechora, aliyekagua, aliyeidhinisha, tarehe, na toleo la mchoro. Ukibadilisha kitu, hata skrubu moja, unaandika toleo jipya na jina lako, na jina la aliyetangulia halifutwi. Ajali ikitokea miaka thelathini baadaye, mtu hufungua mchoro akajua nani alifanya nini.

Sasa itazameni santuri ndogo ya miaka ile, ile ya mizunguko 45 kwa dakika. Katikati pana karatasi ya duara. Juu pana jina la kampuni, chini yake jina la wimbo, na chini ya wimbo, kwa maandishi madogo, jina la mtunzi. Kwa wimbo wa aina hii nafasi hiyo huwa ni ya jina moja. Karatasi haikuulizi nani aliuleta wimbo mjini, wala nani aliubadilisha. Na jina lililoandikwa hapo ndilo linalofuatwa na pesa.

Pesa hizo Waswahili tunaziita mrabaha. Sheria ya hakimiliki, iliyotumika Kenya ya kikoloni kwa kufuata ile ya Uingereza kabla Kenya haijatunga ya kwake mwaka 1966, inalinda kazi iliyotiwa katika umbo la kudumu, kwa maandishi au kwa sauti iliyonaswa. Wimbo uliopigwa barazani mwaka 1945 bila karatasi wala kinasa sauti hauachi ushahidi wowote. Aliyeingia studio kwanza ana santuri mkononi. Aliyetangulia kabla yake ana mashahidi wanaozeeka. Tena wanamuziki wengi wa enzi ile walilipwa kwa mkupuo: unaimba, unapewa noti kadhaa, unakwenda zako, na kinachofuata si chako tena.

Studio ambayo jina lake limefungamana na Fadhili ni Equator Sound ya Nairobi, iliyoendeshwa na Mwingereza Charles Worrod. Tusimfanye Worrod kuwa shetani wa hadithi hii. Bendi ya studio yake iliwakusanya akina Fadhili, Daudi Kabaka, na Nashil Pichen na Peter Tsotsi kutoka Zambia, na muziki waliotoa ulichezwa Afrika Mashariki nzima. Nia yake ilikuwa ni kuuza, nao wanamuziki walitaka kuuza. Wimbo mmoja wa Kabaka, "Helule Helule", ulichukuliwa na bendi ya Kiingereza ya The Tremeloes ukapanda chati za hapa Uingereza mwaka 1968. Mwaka huo huo bunge la Uingereza lilipitisha sheria ya haraka haraka kuwazuia Wahindi wa Kenya wenye pasipoti za Uingereza wasiingie nchini. Nyimbo za Nairobi zilipita forodhani bila taabu. Watu wa Nairobi, hata wenye karatasi, walizuiwa mlangoni.

"Malaika" wenyewe ulisafiri mbali zaidi. Miriam Makeba, ambaye serikali ya makaburu ilikuwa imemfutia pasipoti mwaka 1960, aliubeba ukumbi hadi ukumbi. Mwaka 1965 aliuimba pamoja na Harry Belafonte katika albamu yao ya pamoja, na albamu hiyo ikapata tuzo ya Grammy mwaka uliofuata. Mamilioni ya watu wasiojua Kiswahili waliusikia kwanza kwa sauti ya mwanamke wa Kiswazi na Kixhosa. Wenye lugha yetu walitabasamu kidogo. Kwa Kiswahili mwanamume huoa, mwanamke huolewa, naye Mama Makeba aliyaacha maneno kama yalivyo, akaimba kama mwanamume anayetaka kuoa. Je, aliuharibu? Sisi tunaona aliuheshimu kwa kutougusa. Lakini mwalimu wa sarufi angeweza kusema vingine, na yeye pia asingekosea.

Kisha mwaka 1981 wakaja Boney M. na mdundo wa disko. Hapa Birmingham jambo hili lina utamu wa pekee. Mmoja wa nyuso nne za kundi lile, Maizie Williams, alizaliwa kisiwa cha Montserrat akakulia katika mji wetu huu. Kundi lilipikwa Ujerumani na mtayarishaji Frank Farian, na katika santuri zao za studio sauti ya Maizie haikutumika. Wala ya Bobby Farrell, yule mcheza dansi, haikutumika. Sauti nzito ya kiume ilikuwa ya Farian mwenyewe. Tuyapange basi: kijana asiye na mahari analia Nairobi, kilio chake kinaimbwa kwa Kiswahili cha kukariri, katika studio ya Mjerumani, na baadhi ya wanaoonekana jukwaani si wanaosikika. Ukitafuta uhalisi hapo utachoka. Na bado, waliosikia toleo hilo utotoni Dar es Salaam na Mombasa wanalipenda, nasi tumo.

Fadhili aliishi Marekani miaka mingi, akarudi Kenya, akafariki Nairobi tarehe 11 Februari 2001. Hakufa tajiri. Wimbo uliokuwa umezunguka dunia haukumjengea kasri. Kwa hiyo hata yule aliyeshinda nafasi kwenye karatasi ya santuri hakupata kile ambacho wengi wangedhani alikipata. Ugomvi wa nani mtunzi umekuwa mrefu kuliko hundi zenyewe. Na haujaisha. Kwa sheria ya Kenya hakimiliki hudumu miaka 50 baada ya mwaka aliofariki mtunzi, maana yake, kwa jina la Fadhili, ni hadi mwisho wa mwaka 2051. Watoto waliozaliwa mwaka ule wa harusi yetu watakuwa na miaka 46.

Wala si sisi peke yetu. Mwaka 1939 Solomon Linda, Mzulu, alirekodi "Mbube" mjini Johannesburg na haki zake zikaenda kwa shilingi kumi. Kutoka humo ulizaliwa "The Lion Sleeps Tonight", uliovuma Marekani mwaka 1961. Linda alikufa maskini mwaka uliofuata. Ilichukua hadi mwaka 2006 kwa binti zake kufikia makubaliano ya kulipwa. Linda walau jina lake lilikuwa kwenye santuri ya kwanza.

Msomaji anaweza kutuambia: basi biashara ndiyo adui, na wimbo ungebaki vibarazani ungekuwa salama. Hapo hatukubaliani naye, na sababu yetu inatoka Unguja. Kabla ya mwaka 1928 taarabu ya ikulu ya Sultani iliimbwa kwa Kiarabu. Siti binti Saad, mtoto wa Fumba aliyewahi kuuza vyungu barabarani, aliiimba kwa Kiswahili. Mwaka huo akavuka bahari na wenzake hadi Bombay kurekodi santuri. Kampuni ile ya santuri ilikuwa inatafuta wateja wa Kiswahili, na kwa kuwatafuta ikailetea lugha yetu heshima ambayo ikulu haikuwa imeipa. Bila gramafoni, sauti ya Siti ingezikwa naye mwaka 1950. Biashara ndiyo iliyotuhifadhia kilicho chetu. Na bila santuri ya Nairobi, babu wa Jinja angeuimba wimbo gani Sparkbrook?

Hivyo pesa na wimbo ni kama bwana na bibi waliotofautiana kwa kila kitu na bado wakaoana. Mmoja anataka kuhesabu, mwingine hataki kuhesabiwa. Wakiachana, wimbo unakufa kibarazani na pesa zinabaki hazina cha kusema. Wakiishi pamoja wanagombana kila siku. Baada ya kuyatafuta haya yote, tumefikia kuamini kwamba kosa halikuwa ndoa yenyewe. Kosa lilikuwa kwenye hati ya ndoa, ambamo kwa upande wa wimbo palikuwa na nafasi ya shahidi mmoja tu.

Jambo hili tunaliona kila siku katika mtaa wetu. Mwaka 1967 wataalamu John Rex na Robert Moore walitoa kitabu kizima juu ya Sparkbrook, wakieleza jinsi Waairishi, watu wa Karibi na Wapakistani walivyobanana katika vyumba vya kupanga vya majumba makuukuu. Miaka michache baadaye wakaongezeka jamaa kutoka Kenya na Uganda. Katika miaka ya 1970, kwenye mikahawa ya Stoney Lane na Ladypool Road, kikazaliwa chakula cha balti: nyama na mchuzi vinavyopikwa upesi juu ya moto mkali katika karai jembamba la chuma cha kukandamizwa, na kuletwa mezani katika karai hilo hilo. Leo kinauzwa Uingereza nzima. Ukiuliza nani alikianzisha, utapewa majina kadhaa, kila moja na mkahawa wake. Ukiuliza nani aliyekuwa jikoni, nani aliyelikandamiza karai la kwanza, watu hutazamana. Sisi kama wahandisi tungependa sana kumjua huyo wa karai, maana wembamba wa chuma kile ndio unaofanya kiive kwa dakika chache. Jina lake halimo kwenye kibao cha mlangoni.

Turudi ukumbini, maana hatujamaliza kisa.

Mjomba hakuweza kukaa na alilonalo moyoni. Chai ilipoletwa alikwenda kuketi karibu na babu wa Jinja. Tulimfuata kwa hofu, tukidhani daftari letu la miezi minane linachanwa usiku ule ule. Akamwambia: "Mzee, umeimba vizuri. Lakini wajua wasemavyo kwetu juu ya wimbo huo?" Akamsimulia habari ya Adam Salim na Halima, mpaka kwa yule tajiri, wala hakumficha kabila lake.

Babu alinyamaza kitambo. Kisha akasema kwamba hakuujua wimbo ule kutoka santuri. Alifundishwa Jinja na kijana aliyekuwa akifanya kazi dukani mwa baba yake, akibeba magunia mchana na usiku akilala bohari. Kijana yule alikuwa na gita alilojitengenezea kwa debe. Jioni baada ya kufunga walikaa nyuma ya duka, mtoto wa mwenye duka na mbeba magunia, mmoja akipiga na mwingine akiitikia. Aliuimba taratibu namna ile, na ndiyo maana mdundo wa kinanda ulimkera. Siku moja kijana akaomba akopeshwe fedha za kwenda kuoa kwao. Baba alikataa. Kijana akaondoka na gita lake, hakurudi.

"Aliitwa nani?" mjomba akauliza.

Babu alitaja jina moja, jina la kawaida ambalo wanalo maelfu ya watu. "La baba yake sikupata kumwuliza," akasema. "Miaka minne tulikaa naye."

Hapakuwa na la kuongeza. Mjomba alimmiminia chai, wakanywa. Walikuja kuwa marafiki wazee wale, wakitembeleana mpaka babu alipofariki. Sisi tulirudi nyumbani na majina matatu: mmoja aliyeandikwa kwenye santuri, mmoja anayeshikiliwa na mashahidi, na mmoja ambaye hata jina la baba yake halikubaki. Huyo wa tatu hakudai kuutunga wimbo, na hakuna mahakama itakayomtafuta. Lakini ule utaratibu wa uimbaji uliowaliza watu Sparkbrook ulikuwa wake.

Ndugu zetu mlio Toronto, Muscat, Minneapolis na kwingineko, watoto wetu wanaufundishwa wimbo huu mashuleni kwa jina la wimbo wa Afrika, kana kwamba Afrika yote ilikaa pamoja siku moja ikautunga. Walimu hawana nia mbaya. Wanayo karatasi, na kwenye karatasi pana neno hilo tu. Kazi ya kujaza kijisanduku cha kona ni yetu. Watoto waambiwe kuwa Fadhili William, Mtaita, aliurekodi Nairobi mwanzoni mwa miaka ya 1960. Waambiwe kuwa Adam Salim wa Tanganyika anasemekana kuutunga kabla yake, kwa ajili ya Halima. Wauimbe kwa kasi ya Boney M. wakipenda, au taratibu kama wa bohari ya Jinja. Pia waelezwe kuoa na kuolewa vinatofautianaje, na mahari ni nini, na kwa nini kijana yule alilia.

Kijana wetu wa umeme na mkewe walikaa Small Heath katika chumba kimoja kwa miaka mitatu, kisha wakanunua nyumba. Mtoto wao wa kwanza ni wa kike. Siku ya hafla shuleni aliimba "Malaika" jukwaani, na kabla ya kuanza alisimama akataja majina: la kwanza, la pili, kisha lile la tatu, jina moja pasipo la baba. Wazazi wengine hawakuelewa kwa nini anataja watu wote hao kwa wimbo mfupi kiasi kile. Mjomba, aliyekuwa ameketi mstari wa mbele, safari hii alipiga makofi.

Tukutane toleo lijalo, inshallah.